Maswali ya Wasomaji: Uyoga Mwekundu Kwenye Gogo la Mwembe

SWALI

Kwako Mwalimu, pokea salamu nyingi kutoka Shinyalu. Mwaka jana upepo uliuangusha mwembe uliokuwa nyuma ya jikoni letu, tukapasua kuni tulizoweza na kuacha gogo moja uani, ambalo watoto hulikalia wakipukuchua mahindi. Mvua ya Aprili ilipoanza, upande wa gogo unaopigwa na jua ulitoka vitu vyekundu kama pilipili iliyoiva, vimepangana kama masikio. Havina shina. Nilijaribu kung'oa kimoja kwa mkono nikashindwa, ikabidi nichukue kisu. Shemeji yangu anasema ni uyoga wa sumu na hata kuugusa ni hatari. Jirani yetu mzee anasema zamani ulichemshwa ukawa dawa ya vidonda vya kinywa. Mume wangu yeye anahofia mbao za paa, ambazo tumezirundika karibu na hapo. Mjukuu alikwisha kutia kimoja kinywani kabla sijamfikia, ila hakumeza wala hakuugua. Nimekutumia kipande ndani ya bahasha. Ni kitu gani hiki, na je, kitaingia kwenye miparachichi yetu?

Mama wa Shinyalu, Kakamega

JIBU

Mama, bahasha yako ilikaa njiani siku tano, na hata hivyo kipande ulichokizungushia karatasi ya gazeti kilinifikia kikiwa kizima, kikavu, na chekundu kama kilivyotoka gogoni. Hilo peke yake ni nusu ya jibu. Uyoga wa kofia laini, ule tunaouokota vichuguuni wakati wa mvua, ungekaa siku tano ndani ya bahasha ungegeuka uji mweusi wenye funza. Wako ni wa namna nyingine kabisa: umekaa kama rafu ndogo iliyobandikwa ubavuni mwa gogo, na mwili wake ni mgumu kama kizibo cha chupa. (Ulifanya vyema kutumia karatasi. Wanaonitumia uyoga ndani ya mifuko ya plastiki huniletea kitu kisichotazamika.)

Kabla ya kuitazama rangi yake niliugeuza. Wengi wanaoniandikia huanza na rangi na kuishia hapo hapo, nami siwalaumu, maana rangi ndiyo inayomwita mtu kutoka mbali; lakini rangi ya uyoga hubadilika kwa jua, kwa mvua na kwa umri, na zaidi ya hayo zipo aina zisizo na undugu wowote ambazo huvaa rangi moja. Upande wa chini ndiko uyoga unakozalia spora, zile chembe laini kama vumbi zinazofanya kazi ya mbegu, na umbo la sehemu hiyo halibadiliki ovyo. Uyoga mmoja ukiugeuza utaona vipande vyembamba vilivyopangwa kama kurasa za kitabu. Mwingine una matundu, mwingine una miiba midogo, na mwingine ni mtupu kama kiganja.

Wako una matundu, ingawa kwa macho matupu mtu angeapa kwamba hauna kitu. Niliuweka dirishani, nikalaza rula ya mwanafunzi juu yake na kuutazama kwa lenzi: katika kila milimita moja yalipangana matundu matano, mahali pengine sita, ya mviringo, kana kwamba fundi wa cherehani alipitisha hapo sindano isiyo na uzi. Nilipoukata kwa wembe, unene wake haukufika milimita 4, na nyama ya ndani nayo ilikuwa na rangi ya chungwa. Upande wa juu ni mororo, una mistari hafifu iliyopinda kama ukingo wake, na karibu na pale uliposhikamana na gogo umepauka. Upande wa chini, ambao jua halikuufikia, umebaki mwekundu mno.

Uyoga mwembamba, mgumu, mwekundu nje na ndani, wenye matundu madogo kiasi hicho, uliootea kwenye mti uliokufa tena upande wa jua, ni Pycnoporus sanguineus. Neno la pili la jina hilo ni la Kilatini na maana yake ni "wa rangi ya damu". Linnaeus, mtaalamu wa mimea wa Uswidi, ndiye aliyeuandika kwanza, mwaka 1763, akiuita Boletus sanguineus. Mwaka 1904 Mmarekani William Murrill akauhamishia katika jenasi (yaani kundi la ndugu wa karibu) ya Pycnoporus, na siku hizi utakuta wataalamu wengine wakiuita Trametes sanguinea. Usisumbuke na majina hayo matatu, uyoga ni ule ule. Huota katika nchi za joto za Afrika, Asia na Amerika, na ndugu yake wa nchi za baridi, Pycnoporus cinnabarinus, hutambulikana kwa kuwa mnene zaidi na kwa matundu makubwa zaidi, mawili hadi manne tu katika milimita moja.

Ulilolieleza juu ya jua lilinisaidia kuliko unavyodhani. Kuvu nyingi hulikimbia jua kwa sababu hukauka upesi, lakini hii hupenda magogo yaliyo wazi, pembezoni mwa mashamba, kwenye nguzo za ua na mahali palipofyekwa msitu. Ukitoka hapo kwenu ukaingia Msitu wa Kakamega, chini ya kivuli kizito ambako majani hayakauki, rangi kali utakayoikuta kwenye vijiti vinavyooza huenda ikawa ya vikombe vidogo vya waridi au chungwa, vilivyosimama juu ya vikonyo na kukinga maji ya mvua kama bilauri. Hivyo ni vya jenasi ya Cookeina. Rangi inakaribiana, lakini umbo na makazi haviwezi kukuchanganya tena.

Sasa nije kwa mabishano ya nyumbani. Shemeji ana haki ya kuwa na hofu, ila si kwa uyoga huu: kuugusa hakudhuru, na mjukuu aliyeutia kinywani akautema hana la kuogopewa. Hauliwi, lakini sababu yake ni kwamba ni mgumu kama ubao, na hakuna chungu kitakachoulainisha. Hata hivyo mtoto na afundishwe kwamba kinachoota kwenye gogo hakiendi kinywani, kwa kuwa hawezi kutofautisha huu na mwingine, na mtu mzima naye mara nyingi hawezi.

Mzee jirani naye asichekwe. Wenyeji asilia wa Australia wamekuwa na desturi ya kutumia jamaa wa karibu wa uyoga huu kwa vidonda vya kinywa, hasa vya watoto wachanga, na maabara zimeonyesha kwamba rangi yake yenyewe, iitwayo sinabarini, huzuia baadhi ya bakteria kukua. Lakini bakteria kuzuiwa katika kisahani cha maabara ni jambo moja, na mtoto kunyweshwa maji ya gogo lililooza ni jambo jingine. Hakuna kipimo kilichowekwa cha kiasi gani kinafaa na kiasi gani kinadhuru. Mwenye vidonda vya kinywa na aende zahanati.

Kuhusu miparachichi, lala usingizi. Kuvu hii hula kilichokufa. Unachokiona nje ni tunda lake tu. Mwili wenyewe ni nyuzi nyembamba zilizotapakaa ndani ya gogo, zikitoa kimeng'enya kiitwacho lakasi kinachoyeyusha lignini, ile gundi inayoupa mti ugumu na rangi ya kahawia. Ndiyo maana ukilichanja gogo lako baada ya mwaka mmoja au miwili utakuta ndani pamepauka na kuwa na nyuzi nyuzi kama katani iliyolowa. Kimeng'enya hicho hicho kimewavutia watafiti wanaotafuta njia ya kuondoa rangi katika maji machafu ya viwanda vya nguo. Mparachichi mzima hauguswi, ingawa tawi lake lililokufa na kuachwa mtini linaweza kuliwa kama kuni nyingine yoyote.

Kinachopaswa kukutia wasiwasi kwenye mti ulio hai huwa hakina rangi ya kupendeza. Mti ukianza kunyauka bila sababu, majani yakawa manjano na kupukutika, bambua gome kidogo pale chini karibu na ardhi. Ukikuta utando mweupe kama karatasi umetandazwa kati ya gome na mti, wenye harufu ya uyoga, hiyo ni dalili ya Armillaria, kuvu ya mizizi ambayo wakulima wa chai wa nyanda zetu wanaijua kwa machungu, kwa sababu huhama kutoka kwenye visiki vya miti ya zamani vilivyoachwa ardhini na kuingia kwenye mizizi ya michai. Hiyo ndiyo ya kumwita afisa wa kilimo.

Mbao za paa zisogezwe mbali na gogo, ziinuliwe juu ya mawe na kufunikwa mvua isizipige. Spora ziko hewani kila mahali, kwa hiyo kulichoma gogo hakutaziokoa mbao zikiwa mbichi. Kinachoziokoa ni ukavu, maana mbao yenye unyevu usiofika asilimia 20 haiozi. Gogo lenyewe liacheni watoto walikalie mpaka litakapovunjika lenyewe.

SWALI

Mwalimu, nina mikaratusi Njoro. Kwenye kisiki cha mti niliokata miaka mitatu iliyopita umeota uyoga wa rangi ya chungwa iliyochanganyika na manjano, ni laini na umesongamana kwa mafungu. Kijana wangu aliupiga picha kwa simu, programu ikamwambia ni "uyoga wa kuku" na kwamba Wazungu huula. Nimekuambatishia picha hiyo. Je, tuupike?

Mkulima, Njoro, Nakuru

JIBU

Mzee, msiupike bado. Picha ya kijana ni nzuri, lakini ilipigwa kutoka juu, na simu ilijibu kwa kile ilichoonyeshwa, yaani rangi. Rangi hiyo, kwenye mti unaooza, inagawanywa na angalau jamii tatu, mojawapo ikiwa chakula na nyingine ikiwa ni ya kukutapisha usiku kucha.

Huo unaofananishwa na kuku ni Laetiporus. Hauna shina la kueleweka. Hupandana rafu juu ya rafu, na chini una matundu madogo ya rangi ya manjano. Ukiwa mchanga, nyama yake huchanika kwa nyuzi kama minofu ya kuku iliyochemshwa, na ukizeeka huwa mkavu na kuvunjika kama chaki. Ukiugeuza ukakuta vipande kama kurasa za kitabu badala ya matundu, jina la kuku lifute kabisa, hata kama simu itaapa. Hapo kuna njia mbili. Ikiwa kila uyoga una shina lake, pengine na mabaki ya pete shingoni, na ladha yake ni chungu kama shubiri, yaelekea ni Gymnopilus, ambao hupenda visiki vya mikaratusi na misonobari. Ikiwa zile kurasa zinateremka kutoka kwenye kofia hadi shinani, fikiria Omphalotus, ambao baadhi ya aina zake hutoa mwanga hafifu wa kijani gizani. Sumu yake humtapisha mtu vibaya katika muda wa saa chache. Simwambii mtu auonje Gymnopilus ili aujue uchungu wake. Nautaja kwa sababu wapo wanaokwisha kuuonja ndipo waandike.

Ukikuta kurasa, lipo jaribio ambalo kijana wako atalifurahia kuliko programu ya simu. Chukua kofia moja iliyofunguka, ikate kutoka kwenye shina, uilaze kifudifudi juu ya karatasi ambayo nusu yake ni nyeupe na nusu ni nyeusi, kisha uifunike kwa bakuli isipigwe na upepo. Asubuhi iinue polepole. Spora zitakuwa zimedondoka na kuchora alama ya kurasa zote, kama miale inayotoka katikati. Alama yenye rangi ya kutu inaelekeza kwa Gymnopilus. Nyeupe au ya maziwa, inayoonekana vizuri kwenye ile nusu nyeusi, inaelekeza kwa Omphalotus. Osha mikono na bakuli baadaye.

Ikithibitika kwamba ni Laetiporus, uokotwe ungali mchanga na kupikwa mpaka uive kabisa, na mara ya kwanza kila mtu ale kidogo, watoto wasile. Wapo ambao tumbo huwakataa hata ukiwa ndio wenyewe, na huko Marekani wanaoula wamezoea kuonyana hasa juu ya ule unaoota kwenye mikaratusi, yaani mti huo huo wako. Mimi mwenyewe nisingeula. Nakuru hakukosekani sukuma wiki.

Ningependa pia kuyazika majaribio ya jikoni ambayo bado yanazunguka. Kijiko cha fedha kuwa cheusi, kitunguu saumu kubadilika rangi, mbuzi kula asife, funza kukutwa ndani: hakuna hata moja linalotambua sumu. Konokono hula bila kudhurika uyoga ambao ungemuua mtu. Kuchemsha na kumwaga maji hakusaidii dhidi ya amatoksini, sumu iliyo katika baadhi ya jamii za Amanita na vilevile katika Galerina, uyoga mdogo wa kahawia usio na mvuto wowote unaoota kwenye miti inayooza. Sumu hiyo hunyamaza kwa saa 6 hadi 12 au zaidi, ndipo kutapika na kuharisha kuanze. Kisha mgonjwa hupata nafuu ya uongo ya siku moja hivi huku ini likiendelea kuharibika. Kwa hiyo mtu aliyekula uyoga asioujua akaanza kutapika usiku, baada ya chakula cha mchana, asisubiri kuche. Apelekwe hospitali, na waliobaki nyumbani watafute mabaki ya uyoga, hata maganda yaliyotupwa na mchuzi uliosalia sufuriani, yapelekwe pamoja naye.

SWALI

Mwalimu, mimi ni mvuvi wa Dunga. Mashua yangu imekaa nchi kavu tangu Januari nikingoja pesa za kuitengeneza. Baada ya mvua, kwenye nyufa za mbao upande wa nyuma, vimeota vitu vya rangi ya chungwa, laini kama jeli, umbo la vijiko vidogo, havizidi urefu wa kucha ya kidole gumba. Jua likiwaka vinapotea, mvua ikinyesha vinarudi. Wenzangu wanasema ni mayai ya mdudu. Nivikwangue nipake rangi?

Mvuvi, Dunga, Kisumu

JIBU

Ndugu yangu, mayai hayatoweki kwa jua na kurudi kwa mvua. Hiyo ni kuvu ya jeli, na kwa umbo la kijiko ulilolieleza ni Dacryopinax spathularia, inayopatikana katika nchi zote za joto. Jua likiwaka haipotei. Husinyaa ikawa ganda jembamba la rangi ya kahawia lililojificha ndani ya ufa, na ikipata maji hufura tena kana kwamba haikufa. Haina sumu, na Wachina huila. Wewe lakini huulizii chakula.

Hapa habari si njema kama ya yule mama wa Shinyalu. Kuvu yake hula lignini na kuuacha mti mweupe wenye nyuzi. Hii yako ni ya kundi linalofanya kinyume, huila selulosi, ambayo ndiyo mishipa ya nguvu ya mbao, na kuiacha lignini. Mbao hugeuka kahawia iliyoiva, hupasuka kwa mraba mraba kama mkaa, na mwishowe husagika kwa vidole. Ubaya wake ni kwamba nguvu hupotea mapema, kabla macho hayajaona lolote, hata ubao unaoonekana mzima ukavunjika siku wimbi linapoupiga.

Kwa hiyo kukwangua na kupaka rangi ni kumfungia mwizi ndani ya nyumba, maana rangi itauzuia unyevu usitoke. Chukua kisu chenye ncha au bisibisi, usukume kwenye mbao kila baada ya upana wa kiganja, ukianzia pale vilipoota vile vijiko na kwenda pande zote mbili. Mbao nzima hukataa, na ukiibanja kipande chake hutoka kirefu chenye vibanzi. Iliyooza hupokea ncha kwa ulaini na kutoa kipande kifupi kisicho na vibanzi. Kagua kwanza viraka. Mvule wa zamani ni mgumu kwa kuvu, lakini mafundi wengi siku hizi huziba kwa saiprasi au mkaratusi mchanga, na sitashangaa ukikuta kwamba ufa wako uko kwenye kiraka cha namna hiyo. Ukikuta palipooza, usikate pale tu panapoishia ulaini, bali endelea kiganja kizima ndani ya mbao inayokataa kisu, kisha mashua iinamishwe na kufunikwa ikauke vizuri kabla fundi hajaweka ubao mpya.